Kaka anapiga 4K, laptopu yangu inaganda: nibadili fomati au nitoe hela ya mchezo?

Shikamoo Mjomba,

Mi ni binti wa miaka 27, niko Sinza, naediti video za harusi, sendofu na kichen pati pamoja na kaka yangu tumbo moja. Yeye anashika kamera mi nashika kompyuta. Tulianza hivi nikiwa bado chuo na kwa kweli tulikuwa hatugombani kabisa, hela ikiingia tunagawana, maisha yanaenda. Naandika kwako kwa sababu nyumbani nikilisema hili naambiwa nalalamika.

Kaka kanunua kamera mpya. Ni nzuri, siikatai. Inarekodi 4K (picha kubwa kuliko 1080p ya kawaida) ya H.265, yaani njia ya kubana video, biti 10 zenye ngazi nyingi za rangi, ile inayoandikwa 4:2:2, na anapiga kwa logi, yaani picha inatoka imepauka ili rangi uje kuziweka mwenyewe baadaye. Harusi kubwa anakodi na ya pili ya aina hiyo hiyo. Sasa laptopu yangu ni i5 kizazi cha nane, ramu GB 8, na ka-kadi kadogo ka grafiki. Natumia Premiere Pro, programu ya kuediti. Nikiweka klipu kwenye taimulaini nikibonyeza plei inatembea kidogo inaganda, sauti inaendelea picha imesimama, nikitaka kukata pale bwana harusi anapomvisha mwenzake pete nakata kwa kubahatisha tu, narudi nyuma inaganda tena. Kazi ya siku chache inakula wiki, na wateja wakichoka kusubiri wananipigia mimi sio yeye, maana namba yangu ndo iko kwenye risiti.

Nimeuliza watu. Rafiki yangu wa studio moja Kinondoni kasema geuza kila kitu kiwe ProRes, fomati ya kueditia, utanishukuru. Nikageuza sherehe moja, kweli klipu zikawa zinaenda ila diski yangu ya TB 2 ikabaki inapumulia puani, na pale palipokuwa na kamera mbili bado ikawa inakwama. Kijana mwingine kanionyesha HandBrake, programu ya kugeuza video, kasema geuza MP4 ndogo za 1080p, editi hizo, zile za kamera futa. Hizo zikaenda laini mpaka nikafurahi, ila nilipoanza kuweka rangi, ukuta wa ukumbi wenye taa za zambarau ukatoka ngazi ngazi, na nyuso za watu waliokaa gizani zikawa viboksi viboksi. Kaka akaona akaniambia mbele ya watu "unaua kazi yangu". Mjomba iliniuma sana.

Yeye anasema dawa ni laptopu mpya. Hela ya ofisi hamna, imeishia kwenye kamera, ila anajua mwezi ujao napokea mchezo (upatu), milioni mbili na nusu. Hiyo mi nilishapanga ni kodi ya miezi sita nihame nyumbani. Nikimwambia basi ashushe apige 1080p, anasema ameshawaahidi watu 4K, mpaka kwenye Insta imeandikwa.

Nichague fomati ipi niweze kuediti bila kugandaganda na bila kupoteza kwoliti? Au nitoe tu hela? Na kingine, klipu za harusi za nyuma zimejaa diski nzima, nizifute?

Edita wa Sinza

Mjomba anajibu:

Marahaba mpwa wangu, na pole. Naanza na pole kwa sababu mtu akiisoma barua yako haraka ataona ni swali la kompyuta, ila mi nimeona kuna mtu anapigiwa simu kwa ucheleweshaji ambao haukuanzia kwake, na akisema anaambiwa analalamika. Laptopu kuganda hapo sio uvivu wako wala sio kwamba kazi huijui. Nimekaa vyumba vya kuediti tangu enzi za kanda za Mini DV na nakuhakikishia mashine kama yako kukwama kwenye klipu za aina hiyo ni jambo la kutegemewa.

Nikikuelewa vizuri, kaka kabadilisha kinachoingia, katikati umebaki wewe na mashine ile ile, na kila uliyemuuliza kakupa kitu kimoja cha kumaliza yote. Na wewe umeuliza hivyo hivyo, "fomati ipi", kana kwamba lazima iwe moja. Hebu tupaangalie hapo kabla ya hela. Kuna fomati ya kurekodia, kuna ya kuedita nayo, kuna ya kumkabidhi mteja. Hizi tatu halazimiki mtu kuzifananisha, na mimi nadhani ugomvi wenu mwingi unatoka kwenye kutaka moja ibebe kazi zote tatu.

Halafu hili neno MP4 limewachanganya wengi. MP4 ni bahasha tu, na MOV pia ni bahasha. Ndani yake ndo kuna kodeki, yaani njia ya kubana na kufungua video, inaweza kuwa H.264, inaweza kuwa H.265, na MOV inaweza kubeba ProRes. Kwa hiyo mtu akikwambia "geuza iwe MP4" bado hajakwambia kitu. Kinachofanya klipu iende au igande ni kodeki, na jinsi ilivyobanwa.

H.264 ilitoka 2003, H.265 ikaja 2013 na inaweza kubana faili hadi karibu nusu ya ukubwa kwa ubora unaofanana, ila kuifungua kunataka hesabu nyingi zaidi. Na zote mbili kwa kawaida kamera inapozitumia hairekodi nzima kila fremu, yaani kila picha moja moja inayounda video. Ni daftari la madeni la mangi: anaandika jumla kamili mara moja, halafu siku zinazofuata anaandika kilichoongezeka na kilichopungua tu, sasa we ukimuuliza ghafla "jumanne iliyopita nilikuwa nadaiwa ngapi" inabidi arudi mpaka kwenye jumla ya mwisho aanze kuhesabu kuja mbele. Ndivyo laptopu yako inavyofanya kila ukigusa taimulaini, na ukirudi nyuma ndo inateseka zaidi. ProRes ya Apple iliyotoka 2007 na DNxHR ya Avid zinaandika kila fremu peke yake, kwa hiyo kompyuta haitafuti kitu, inasoma tu. Hata ile Mini DV yetu ilikuwa inaandika kila fremu peke yake, ndo maana tuliiediti kwenye mashine ambazo leo ungezicheka.

Kuna na hili la 4:2:2 ambalo naona hakuna aliyekutajia na kwako ndo lina uzito. Ndani ya prosesa kuna kisehemu maalum cha kufungua video, na kila kizazi kina aina zake kinazozijua. Intel ya kizazi cha nane inaijua H.265 ya biti 10 ikiwa 4:2:0. Ikiwa 4:2:2 haiijui, hapo kazi yote inarudi kwenye prosesa kufungua kwa nguvu, na i5 yako inazama. Tofauti yenyewe ni kiasi cha taarifa za rangi kinachohifadhiwa, 4:2:2 ikihifadhi zaidi, mwanga unabaki vile vile. Kamera nyingi zinazorekodi biti 10 zina menyu ya kuchagua kati ya hizo mbili. Sasa jiulize, au muulizane, harusi zenu zinahitaji 4:2:2? Mtu anayepiga mbele ya kitambaa cha kijani ili abadilishe mandhari atakwambia ndio bila kusita. Kwa sherehe ya ukumbini, maadamu biti 10 bado zipo na logi ya kaka ipo vile vile, sina uhakika kama kuna mteja atakayeiona tofauti, ila kaka ana haki ya kutaka kuliona hilo kwa macho yake kabla hajakubali. Pigeni dakika moja ya kila aina, ukumbi ule ule na taa zile zile, mkae wote mbele ya laptopu yako.

Kuhusu ProRes ya rafiki yako wa Kinondoni, hakukudanganya. Ubora haupotei kwa kiasi ambacho jicho litaona, ingawa pia hauongezeki, klipu haiwi bora kuliko ilivyotoka kwenye kamera. Shida ni uzito. Klipu ya kamera ya megabiti 100 kwa sekunde inakula GB 45 kwa saa. ProRes 422 ya 4K kwa fremu 25 ni kama GB 221 kwa saa. Sherehe yenye klipu za saa 4 ilikuwa GB 180, inakuwa GB 884, na hapo za asili bado unazo. Pia umeniambia palipokuwa na kamera mbili bado ilikwama, na mi nafikiri sababu ni diski. Klipu moja ya aina hiyo inataka megabaiti 61 hivi kila sekunde, mbili kwa pamoja zinapita 120, na ile diski ya kawaida ya kuzunguka tunayochomeka kwa waya inaishia karibu hapo hapo. Yaani mzigo umeutoa kwenye prosesa ukautua kwenye diski. Ukiwa na diski ya SSD, ile isiyozunguka, habari inabadilika, ila nayo ni hela. Na kama siku moja utajaribu DNxHR, angalia jina: ile inayoitwa HQ ni ya biti 8, ya biti 10 unaipata kwenye HQX. Watu wengi wanaona HQ wanajua wamefika, kumbe wametupa nusu ya sababu ya kununua kamera.

Ya HandBrake ndo imekuumiza kwa kaka kwa hiyo niiseme kwa upole. Alichokiona kwenye picha kipo kweli. Video iliyokwisha kubanwa ikibanwa tena inapoteza tena, na kama imeshuka kutoka biti 10 kuja biti 8 basi kila rangi imetoka kwenye ngazi 1024 ikabaki na 256. Picha ya kawaida hapo utaona iko poa. Picha ya logi ukianza kuivuta rangi zile ngazi zinaachana na hapo ndo ukuta wa zambarau unapasuka. Ila kusema kweli kuhusu picha ni kitu kimoja, na kukwambia mbele ya watu kwamba unaua kazi yake ni kitu kingine, hicho kinastahili kuzungumzwa mkiwa wawili na mi nisingependa ukimeze. Kilichoharibu hapo ni kwamba zile ndogo zilichukua nafasi ya za asili. Kuziediti tu kusingeharibu kitu.

Ndo tunafika kwenye proksi. Premiere inakuruhusu kutengeneza nakala nyepesi za kila klipu, ukazishikiza kwenye za asili, ukakata na kupanga ukiwa na nyepesi, halafu ukieksipoti, yaani ukitoa video ya mwisho, yenyewe inarudi kuchukua za kamera. Kwa ProRes Proxy ya 1080p ni kama GB 17 kwa saa, zile saa 4 zinakuwa GB 68 tu, na laptopu ya umri wa yako huwa inazimudu. Ubora wa mwisho haujaguswa. Hasara zake zipo na nisikufiche. Kuzitengeneza kunataka muda, mara nyingi usiku kucha, na umeme ukikatika saa nane usiku na betri ya laptopu imechoka unaamka kazi iko nusu. Majina na mpangilio wa sauti lazima vilingane na za asili, ukihamisha mafoda ovyo zinaachana. Rangi usiziamulie kwenye proksi, bonyeza kitufe urudi kwenye ya asili uangalie fremu kadhaa ndo uamue, na hapo itakuwa inaganda kidogo lakini kwa rangi huhitaji ikimbie. Na eksipoti ya mwisho bado itakuwa ndefu kwa sababu mashine ni ile ile. Mtu mwenye wateja wa kesho asubuhi hili linamtesa, mwenye wateja wa wiki mbili analala usingizi.

Tena kuna kamera nyingi siku hizi zinaweza kurekodi proksi zenyewe sambamba na klipu kubwa. Angalieni menyu. Kama ipo, ule usiku mzima haupo tena, na sehemu ya kazi inahamia kwa kaka bila yeye kushusha chochote.

Kaka angeweza pia kurekodi aina inayoandika kila fremu nzima kama kamera inayo, inarahisisha kutembea kwenye taimulaini, ila kwa 4K inaenda kwenye megabiti 250 hivi kwa sekunde, mjiandae kwa memori kadi za bei na diski zinazojaa haraka. Au H.264 ya biti 8, nyepesi kabisa kwako, lakini hiyo na logi haziendani vizuri, itabidi apige kwa rangi za kawaida na awe makini na mwanga palepale ukumbini. Kuna wapiga picha wanaojiamini hivyo na kazi zao ni nzuri. Sijui kama kaka yako ni mmoja wao, we unamjua.

Hiyo ahadi ya 4K nayo nataka uitazame. Mnachokabidhi ni nini hasa? Kama mteja anapewa flashi ya kuchomeka kwenye tivi na vipande vya WhatsApp, basi WhatsApp inabana upya video inayotumwa kama video ya kawaida, na flashi nyingi zikiwa kwenye mfumo wa FAT32 hazipokei faili linalozidi GB 4. Wengi wanapiga 4K wanakabidhi 1080p, na faida ya 4K wanaipata kwenye kuediti, unaweza kuvuta sura ya mama mzazi karibu bila picha kuvunjika. Hiyo ni faida ya kweli. Ila kama tangazo linasema mteja anapata 4K na yeye anaamini hivyo, basi kaka hakosei kuilinda. Kama linasema tu mnapiga kwa 4K, mna nafasi kubwa zaidi ya kujadiliana kuliko mnavyodhani.

Sasa hela ya mchezo. Siwezi kukupangia, ni jasho lako, na kutaka chumba chako kwa umri wako ni jambo la maana sawa na laptopu. Ninachoweza kukwambia ni hatari zilizoko pande zote. Ukienda Kariakoo na bajeti yako utaonyeshwa mashine za gemu zenye kadi kubwa ya grafiki, na muuzaji atakuapia inaediti 4K. Kwa H.265 ya 4:2:2 kadi za NVIDIA zilikuwa haziifungui mpaka kizazi cha RTX 50 kilichotoka 2025, kwa hiyo unaweza kutoa hela yote ukarudi Sinza ukakuta inaganda. Intel kuanzia kizazi cha 11 wanaifungua, na Mac za M1 za 2020 kuja juu pia, hizo hata za mtumba zina maana. Nenda na klipu ya kaka kwenye flashi, muombe muuzaji uicheze pale pale dukani. Usiponunua nako kuna gharama, usiku wa proksi na eksipoti ndefu, na pengine maneno ya kaka. Na swali ambalo hujaliuliza ila mimi limenikaa: mashine ikinunuliwa kwa hela yako itakuwa ya nani? Kamera ilitoka kwenye hela ya ofisi ya wote wawili. Kama laptopu itatoka kwenye mfuko wa mmoja, je mgao utabadilika, au itakuwa mkopo unaorudishwa kidogo kidogo kila sherehe? Kuna ndugu wanaliongea hili mapema na wanaheshimiana miaka, kuna wanaoliacha wakidhani damu itatosha. Ukimwendea, nadhani atakusikia vizuri zaidi ukianza na zile klipu za majaribio mezani kuliko kuanza na hasira, ingawa hasira yenyewe unayo haki nayo.

La mwisho, zile za zamani. Klipu za kamera za harusi ya mtu hazirudiwi, kwa hiyo kabla ya kuzigusa zungumzeni muda mnaozitunza na muwaandikie wateja kwenye makubaliano. Baadhi ya studio zinamwambia mteja aje na diski yake achukue klipu za asili, wengine watakuja wengine hawatakuja. Ila kwenye hiyo diski yako nina wasiwasi kuna mizigo mingine kabisa: zile ProRes ulizogeuza, MP4 za HandBrake ambazo za asili zake bado zipo, na mafaili ya kashe, yaani ya muda, ambayo Premiere inayajaza kimya kimya. Hayo yote yanatengenezeka upya. Yatoe hayo kwanza, uone umebaki na nafasi kiasi gani.